Kiraka, Ufunguo na Nchi Isiyo Kwenye Orodha

Nenda Luthuli Avenue leo ununue konsoli ya mtumba. Muuzaji atakuonyesha inawaka. Atakuonyesha padi zote mbili ziko sawa, atakuwekea gemu ya mpira dakika mbili uone picha. Halafu umuulize: "Buda, hii lazima niwe na akaunti ndio gemu zipate apdeti?" Hapo utapata jibu lolote lile, kutegemea vile anavyosoma uso wako. Wa kwanza atasema lazima, wa pili atasema wapi, wa tatu atakuuzia akaunti papo hapo.

Jibu la ukweli ni kwamba inategemea nani aliitengeneza. Kwa PS3 na PS4, gemu ya diski hupata sasisho lake bila wewe kuingia kwenye akaunti yoyote; intaneti pekee inatosha. Nintendo Switch vilevile. Kwa Xbox mambo yamekuwa tofauti tangu siku ya kwanza. Ukitaka tu kujua kama utoe pesa mfukoni, unaweza kuishia hapo.

Lakini kuna swali lingine chini ya hilo, na hilo ndilo linalonisumbua. Kwa nini kitu ulichokinunua kizima, kwenye kasha, na risiti ukapewa, kinahitaji kipande kingine kutoka kwa seva iliyo ng'ambo? Na nani aliamua kwamba kipande hicho kikae nyuma ya mlango unaouliza jina lako na nchi yako? Kulijibu inabidi turudi nyuma kidogo.

Gemu ilipokuwa kitu kizima

Katriji za zamani zilikuwa na chipu ndani, na chochote kiwanda kilichoandika kwenye chipu ile ndicho kilichobaki humo mpaka plastiki ichakae. Kosa likigunduliwa baada ya gemu kuuzwa, kampuni ilikuwa na njia moja tu: kurekebisha mzigo utakaofuata. The Legend of Zelda: Ocarina of Time ilitoka kwenye Nintendo 64 mwaka wa 1998, na katriji zake zipo za matoleo matatu, 1.0, 1.1 na 1.2. Kasha ni lile lile. Aliyenunua mapema alibaki na makosa yake, aliyechelewa akapata gemu iliyonyooshwa. Hakuna aliyepigiwa simu. Siku hizi wapo wachezaji wanaoshindana kumaliza gemu kwa kasi ambao wanatafuta matoleo ya zamani makusudi, kwa sababu makosa yale yanawapa njia za mkato.

Pokémon nayo ilitoka Japani mwaka wa 1996, ikafika Marekani 1998, ikiwa na kiumbe kisichopaswa kuwepo kinachoitwa MissingNo. Watoto walifundishana uwanjani shuleni jinsi ya kukiita, maana ukikutana nacho unaweza kuzidisha vitu kwenye begi lako. Nintendo walijua. Wangefanya nini? Katriji ilikuwa mfukoni mwa mtoto, na kampuni haikuwa na mkono mrefu wa kufika mfukoni mwake.

Sio kwamba watu hawakujaribu kuunganisha mashine hizi na dunia. Sega walikuwa na Sega Channel kuanzia 1994, gemu zikipita kwenye waya wa televisheni huko Marekani. Nintendo walifuata na Satellaview kule Japani mwaka wa 1995, kwa setilaiti. Dreamcast ya 1998 ilikuja na modemu. Lakini kazi kubwa ya mitambo hiyo ilikuwa kukuletea gemu au wapinzani. Ile uliyonayo tayari kabatini ilikaa vile ilivyozaliwa.

Huku kwetu enzi hiyo ilidumu zaidi, na iliitwa PS2. Mashine hiyo ilitoka mwaka wa 2000 na ikauzwa zaidi ya milioni 155 duniani, na nyingi zilizofika mitaani kwetu zilikuwa tayari zimefunguliwa na fundi zikawekwa chipu ili zisome diski za kuchoma. Hakuna aliyekuuliza jina. Ulipeleka shilingi zako kwenye kibanda, ukashika padi, ukafungwa mabao matano, ukarudi nyumbani kwa miguu.

Na masasisho yalikuwepo! Hili watu husahau. FIFA ya mwisho kutoka kwenye PS2 ilikuwa FIFA 14, mwaka wa 2013. Baada ya hapo kampuni ilifunga duka, lakini vibanda havikufunga. Kule Brazil vijana walichukua gemu ya zamani ya Konami wakaibadilisha vikosi, jezi na nyimbo, wakaiita Bomba Patch. Huku nako ulikuta diski zenye wachezaji waliohama juzi, kasha limechapishwa rangi zimefifia, jina la Ronaldo limeandikwa vibaya. Sasisho lililetwa na jamaa mwenye mkoba. Ulilipa taslimu. Ulikuwa wizi wa hakimiliki, sitaupamba. Ila ulithibitisha jambo moja: kusasisha gemu na kumjua mchezaji ni kazi mbili tofauti.

Kiraka kinapita kwenye waya

Ili kampuni iweze kushona kiraka kwenye gemu iliyo nyumbani kwako, ilihitaji vitu viwili. Mahali pa kukiweka kiraka, na njia ya kukileta. Xbox ya kwanza, Novemba 2001, ilikuwa navyo vyote viwili: diski kuu ya GB 8 ndani ya mashine, na tundu la waya wa mtandao nyuma. Mwaka mmoja baadaye, tarehe 15 Novemba 2002, Microsoft wakafungua Xbox Live. Ulijiandikisha, ukalipia, ukapewa jina la mchezaji. Viraka vilipita mlango huo huo. Kwa hivyo kwa upande wa Microsoft, kiraka na jina viliingia nyumbani siku moja, kama mtu na kivuli chake.

Kwenye kompyuta kulikuwa na kisa kingine ambacho konsoli zilijifunza kutoka kwake. Valve, wenye Counter-Strike, walikuwa na shida: kila wakitoa kiraka, maelfu ya wachezaji walikwama kwa sababu matoleo yao hayakufanana na ya seva. Ndipo walipotengeneza Steam, ikatoka Septemba 2003. Mwanzoni ilikuwa zaidi programu ya kusambaza viraka, na watu waliichukia. Halafu Novemba 2004 ikaja Half-Life 2. Hata ukiinunua dukani kwa kasha na diski, ilikubidi ufungue akaunti ya Steam na uithibitishe gemu kupitia intaneti ndipo ufunguliwe. Chombo kilichojengwa kurekebisha kilikuwa sasa kinafunga na kufungua. Biashara nzima iliona. Anayeshika kiraka anashika na ufunguo.

Wakati huo huo Nintendo walikuwa bado wanaishi kama fundi wa mtaa. Wii ilitoka 2006 na gemu zake za diski hazikuwa na mfumo wa viraka. Twilight Princess ikawa na kosa: ukihifadhi gemu ndani ya chumba fulani chenye mzinga kisha ukazima, unaweza kunaswa humo usitoke tena. Nintendo wakakubali kuwabadilishia watu diski. Mwaka wa 2010 Metroid: Other M ikawa na mlango uliokataa kufunguka, na kampuni ikawaambia wachezaji watume kadi ya SD yenye kumbukumbu zao kwa posta, irekebishwe, irudishwe. Skyward Sword ya 2011 ilipokwama hivyo hivyo, walitengeneza programu ndogo ya kupakua kwenye Wii, kazi yake moja tu: kunyoosha kumbukumbu iliyoharibika.

Unaweza kucheka. Kutuma kadi kwa posta ili mlango ufunguke! Lakini tazama uhusiano ulivyokuwa. Mimi nimenunua, kitu kina kasoro, ni jukumu lako kukirekebisha. Anwani kwenye bahasha ilihitajika ili kadi irudi nyumbani, basi. Haikuhitajika ili niruhusiwe kucheza.

Mashine zile zile, majibu tofauti

Xbox 360 ilitoka 2005, PS3 mwaka wa 2006. Kwa macho ya mnunuzi zilikuwa ndugu. Kwenye suala la viraka zilikuwa watu wawili tofauti kabisa.

Kwenye Xbox 360, ukiwa umeunganishwa, unaweka diski na ujumbe unatokea kwamba kuna sasisho; ukikataa, utatolewa kwenye Xbox Live. Sentensi hiyo ina mengi. Sasisho lilikuwa sharti la kubaki ndani, na wewe ambaye hukuwa ndani tangu mwanzo, huna akaunti, hata mlango wenyewe hukuuona. Ni kweli kulikuwa na uanachama wa bure. Bure ya pesa, lakini jina na barua pepe bado ulitoa.

PS3 ilifanya tofauti. Unaweka diski, mashine inauliza seva kama kuna toleo jipya la gemu hii, jibu linarudi, unakubali, inapakua. Basi. Ufundi wake si wa ajabu. Kila diski ya PlayStation ina namba yake ya utambulisho, imechapishwa hata kwenye kasha. Za PS4 zinaanza na herufi CUSA. Mashine inapeleka namba hiyo na toleo ulilonalo. Seva haina haja ya kujua wewe ni Otieno au ni Wanjiku, una miaka kumi au arobaini. Inahitaji kujua gemu gani.

Nintendo Switch ya 2017 ilienda mbali zaidi. Unaweza kusasisha gemu bila kuunganisha akaunti yoyote, na zaidi ya hapo, Switch mbili zikiwa chumba kimoja zinaweza kulinganisha matoleo na yenye toleo jipya ikaipatia yenye la zamani, hewani, bila intaneti kabisa. Niliposoma hilo nilicheka peke yangu. Hiyo ndiyo teknolojia yetu. Sisi ndio tuliokua tukirushiana nyimbo kwa Bluetooth nyuma ya darasa, simu mbili zimeegeshwa pamoja kama zinapeana siri. Injinia fulani kule Kyoto aliifikia hekima ya shule ya upili ya Kenya.

Sasa weka haya pamoja. Sony wanaweza kukupa kiraka bila kukujua. Nintendo pia. Kwa hivyo akaunti haihitajiki na ufundi wenyewe. Inahitajika pale kampuni inapoamua ihitajike.

Nitende haki hapa: akaunti ina kazi zake halali. Gemu uliyoinunua dukani mwa mtandao haina diski, kwa hivyo akaunti ndiyo risiti. Bila hiyo seva itajuaje umelipa? Kucheza na watu wengine mtandaoni kunahitaji jina, la sivyo mdanganyifu akifukuzwa anarudi baada ya dakika. Kuhifadhi kumbukumbu mbali na mashine kunahitaji mwenyewe ajulikane. Mzazi akitaka kumwekea mtoto mipaka, vivyo hivyo. Hayo yote sawa. Ila kurekebisha kosa la kiwandani kwenye diski niliyoishika mkononi hakumo kwenye orodha hiyo.

Na akaunti ina gharama yake. Aprili 2011 wadukuzi waliingia kwenye mtandao wa PlayStation. Sony wakauzima tarehe 20, ukakaa zaidi ya wiki tatu bila kufanya kazi, na ikatangazwa kwamba taarifa za akaunti milioni 77 hivi zilikuwa hatarini: majina, anwani, tarehe za kuzaliwa. Aliyekuwa na PS3 na rundo la diski, bila akaunti, hakuwa na cha kuibiwa. Hakuwepo kwenye daftari.

Mwaka ambao mlango ulikaribia kufungwa

Mei 2013 Microsoft walitangaza Xbox One, na wiki zilizofuata masharti yakatoka: mashine ingelazimika kuwasiliana na seva angalau mara moja kila saa 24, la sivyo gemu zisichezeke, hata za diski. Kuuza au kumwazima mwenzako gemu kungewekewa masharti. Orodha ya nchi 21 za uzinduzi ikatolewa. Ukiisoma unaona Marekani, Uingereza, Brazil, Mexico, Urusi. Afrika, hakuna hata moja. Maana yake, kwa mpango ule, mashine ilifungwa isifanye kazi pale ambapo haikukusudiwa kuuzwa.

Sony walijibu kwenye maonyesho ya E3 mwezi Juni. Walitoa video fupi ya maelekezo ya jinsi ya kumpa mwenzako gemu ya PS4: jamaa mmoja anamkabidhi mwenzake kasha, mwenzake anasema asante. Imeisha. 

Tarehe 19 Juni Microsoft wakarudi nyuma. Baada ya kuiunganisha mashine mara moja tu, siku ya kuifungua, ungeweza kucheza diski zako bila kuunganishwa tena. Watu walisherehekea, na walikuwa na haki. Lakini soma vizuri walichoshinda na ambacho hawakushinda. Ile mara moja ya kwanza ilibaki. Mpaka leo Xbox mpya inataka intaneti na akaunti ya Microsoft kabla ya kukupa chochote. PS5 unaweza kuiwasha, ukaruka hatua ya akaunti, ukaweka diski ukacheza.

Kwa mtu wa London hiyo ni tofauti ya dakika kumi. Kwa mtu wa nchi isiyo kwenye orodha ni jambo lingine.

Chagua nchi yako

Jaribu kufungua akaunti ya PlayStation ukiwa Nairobi. Mashine itakuuliza nchi. Utateremka kwenye orodha, K, K, utaona Korea, utaona Kuwait. Kenya haipo. Afrika nzima inawakilishwa na Afrika Kusini pekee. Kwa hivyo kila Mkenya unayemwona akicheza mtandaoni kwenye PS4 au PS5 yake, kwenye karatasi za Sony, ni mkazi wa Manchester, au Texas, au Johannesburg. Ameandika anwani ya barabara ambayo hajawahi kuiona. Na kanuni alizozikubali kwa kubonyeza kitufe zinasema taarifa ziwe za kweli.

Yanayofuata ni hesabu ya ajabu. Nchi ukishaichagua huwezi kuibadilisha. Kadi za kuongeza pesa lazima zitoke nchi ile ile ya akaunti, kwa hivyo unatafuta jamaa anayeuza za Marekani au za Uingereza, kwa bei yake. Vipande vya ziada vya gemu, vile vya kununua, lazima vilingane na eneo la diski. Diski ya Ulaya na akaunti ya Marekani hazisikilizani, na utagundua hivyo ukishalipa. Katika fujo yote hii, kitu kimoja tu kinakuja bila maswali: kiraka. Kinafuata namba ya diski. Hakijali umejiita mtu wa wapi.

Ndio maana nasema swali la akaunti na sasisho si dogo. Kwa mchezaji wa Kenya, sasisho lisilohitaji akaunti ni sehemu pekee ya mfumo mzima ambapo anaweza kupata haki yake bila kudanganya anapoishi.

Sisi tunaoandika kwa malipo mtandaoni tunaijua hali hii bila kufundishwa. Nilipoacha chuo, wenzangu kadhaa walikuwa wanakodi akaunti za kazi zilizosajiliwa kwa majina ya ng'ambo, kwa sababu tovuti zilizolipa vizuri hazikuwa na Kenya kwenye orodha, au zilikuwa nayo na kila ombi linakataliwa. Mtu anaandika insha saa nane usiku Kahawa West akiwa "Jennifer" wa Ohio. Kazi ni yake, Kiingereza ni chake, jina ndilo si lake. Siku akaunti ikifungwa hana pa kulalamika, maana kulalamika ni kujitaja. Mchezaji wa PlayStation yuko pale pale. Akaunti yake ya "Manchester" yenye gemu za miaka mitano ikizuiwa, ataanza vipi kujieleza?

Mwaka wa 2024 dunia ilipata kuonja kidogo. Helldivers 2, gemu ya Sony, iliuzwa pia kwa wachezaji wa kompyuta kupitia Steam, na ikanunuliwa kila kona. Mapema Mei Sony wakatangaza kwamba wachezaji wa kompyuta sasa lazima waunganishe akaunti ya PlayStation. Shida ikaonekana mara moja: kuna nchi na maeneo zaidi ya 170 ambako akaunti hiyo haipatikani kihalali. Gemu ikaondolewa dukani katika nchi hizo, na watu waliokwisha lipa wakabaki wanashangaa. Malalamiko yakamiminika, na siku chache tu baadaye Sony wakafuta sharti hilo. Kwa mara moja, mtu wa Marekani na mtu wa nchi isiyoorodheshwa walikuwa upande mmoja wa foleni. Wengi wa hao wa Marekani walikuwa wanasikia kwa mara ya kwanza kwamba orodha ipo.

Diski tupu

Unaweza kuniambia: si basi ucheze bila kiraka? Gemu iko kwenye diski.

Iko? Tony Hawk's Pro Skater 5 ilitoka 2015 na sasisho la siku ya kwanza lililokuwa kubwa kuliko data iliyokuwa kwenye diski yenyewe. Bila kulipakua ulipata mafunzo ya mwanzo na sehemu ya kujitengenezea viwanja. Spyro Reignited Trilogy ya 2018 ni gemu tatu kwenye kasha, lakini mbili zilibidi zipakuliwe. Cyberpunk 2077 ilitoka Desemba 2020 ikiwa mbovu kiasi kwamba Sony waliiondoa dukani kwao baada ya wiki moja hivi, ikarudi Juni 2021 baada ya viraka vingi; diski ya toleo la kwanza bado ina ile gemu mbovu. Call of Duty ya 2022, kwenye PS5, ilikuja na diski yenye MB 70 hivi. Hiyo ni ndogo kuliko video za harusi ya binamu yako. Na Nintendo, wale mafundi wa bahasha, kwenye Switch 2 ya 2025 wameleta kadi ambazo nyingine hazina gemu ndani: zina ufunguo tu, gemu unaipakua.

Kwa hivyo kiraka kimeacha kuwa kiraka. Kimekuwa nguo yenyewe. Na tukumbuke nguo hii inapita wapi. Tangu nyaya za baharini zilipotua Mombasa mwaka wa 2009 intaneti yetu imekuwa bora sana, na mwenye faiba nyumbani anapakua GB 40 akilala. Ila mwenye kibanda anayetumia bando la simu anakaa na hesabu. Kwake kila gemu mpya ina bei mbili: ya dukani, na ya kuikamilisha.

Halafu kuna suala la muda. Seva hizi haziishi milele. Machi 2021 Sony walitangaza kufunga duka la PS3 na la Vita. Mwezi uliofuata, baada ya makelele, wakaghairi. Nintendo walifunga maduka ya 3DS na Wii U Machi 2023 na kucheza mtandaoni Aprili 2024, ingawa walisema masasisho yataendelea kupatikana kwa sasa. "Kwa sasa" ni maneno mafupi sana kwa kitu ulichonunua cha kudumu. Kulikuwa pia na kasoro kwenye PS4 ambayo wahifadhi wa gemu ndio walioipigia kelele: betri ndogo ya saa ndani ya mashine, ile ya duara kama ya saa ya mkononi, ikifa, mashine ilihitaji kuwasiliana na mtandao wa Sony ndipo ikubali kucheza, hata diski. Yaani siku seva zikizimwa, betri ya shilingi mia ingezika mashine zote polepole. Sony waliirekebisha Septemba 2021, kwa sasisho namba 9.00, kimya kimya. Na sasisho hilo la mfumo, kwa bahati, unaweza kulibeba kwenye flashi ukaliweka mwenyewe, bila akaunti.

Flashi. Yule jamaa mwenye mkoba amerudi, safari hii kwa baraka za kampuni. Inawezekana basi. Kampuni inaweza kuweka faili la kiraka wazi, likafuata namba ya diski, mtu akalipakua kwa saiba, akalipeleka nyumbani, au wachezaji wawili wakapeana kama Switch zinavyofanya. Hakuna siri ya biashara inayovuja. Kiraka bila diski hakichezi.

Kwa hivyo ukirudi Luthuli, usiulize tu kama mashine inawaka. Uliza inataka nini siku ya kwanza, intaneti au jina lako. Uliza diski hiyo ina gemu au ina ufunguo. Muuzaji akisema hajui, mwambie aiwashe bila kuiunganisha na chochote, aweke diski, msubiri pamoja. Kitakachoonekana kwenye kioo ndicho unachonunua.